Ngeli ya Tunu

Nchi yenyewe sitaitaja, na wewe ukiitambua nyamaza kama ninavyonyamaza mimi, kila mtu abaki na kazi yake. Ni nchi nzuri. Ina mlima, ina mabwawa, ina wimbo wa taifa wenye beti kumi na moja, na ina Idara ya Ngeli, jengo la ghorofa tatu lililopakwa rangi ya maziwa, ambamo serikali huamua kila kilichoumbwa kiitwe "huyu" au "hiki."

Usicheke. Kwetu mimi na wewe ngeli ni somo la shule ya msingi: mwalimu anaandika m-wa na ki-vi ubaoni, unanakili, unasahau. Kule ngeli ni hadhi. Aliye "huyu" hupanga foleni ya watu, hutibiwa hospitali ya watu, na akifa huombolezewa siku tatu kwa ruhusa ya kazini. Kilicho "hiki" kikiharibika hupelekwa Karakana Kuu, na fundi akishindwa, hufutwa kwenye daftari. Hakuna aliyelalamika, kwa sababu fomu za kulalamikia zilitolewa na Idara hiyohiyo.

Katika jengo hilo, chumba cha chini cha mwisho, kile kilichopakana na choo, alikaa Bi Sikudhani, msahihishaji wa serikali. Hakuna karatasi iliyotoka serikalini bila kupita mezani kwake: hotuba, tangazo, barua ya kumfukuza mtu kazi, hata ile ya kumfukuza yeye mwenyewe siku ikifika. Miaka kumi na tisa alikuwa akifuta herufi zilizozidi na kurudisha zilizopotea kwa kalamu yake nyekundu. Wakubwa walimwogopa kidogo, maana yeye peke yake alijua wanavyoandika.

Meza ya pili ilikuwa ya Mzee Mzigila, mpiga mihuri. Kila alipoletwa mfanyakazi mpya, Mzigila alimkalisha akampa somo lilelile. "Ngeli ziko mbili, ndugu yangu. Kuna ngeli ya majina, hiyo ndiyo inayokupa cheo. Na kuna ngeli inayojificha katikati ya kitenzi: angelikuja, angelisema, angelipata. Hiyo ni ya mambo ambayo hayakutokea. Ya kwanza ina idara. Ya pili haina." Kisha anacheka peke yake, na Bi Sikudhani anamwambia apige mihuri.

*

Bi Sikudhani alikuwa na mtoto mmoja, Tunu, wa miaka saba. Tunu alizaliwa na macho yaliyoinuka pembeni, vidole vifupi, na ulimi uliopenda kuchungulia nje kuona kuna nini. Alichelewa kutembea, alichelewa kusema, ila kucheka hakuchelewa. Kila aliyekutana naye alipewa shikamoo, awe mtu, awe mbuzi. Baba yake alimtazama mara moja tu siku aliyozaliwa, akasema anatoka kutafuta kiberiti, na hadi leo hicho kiberiti hakijapatikana.

Siku ya kumwandikisha, karani wa vizazi alimtazama mtoto, akafungua kitabu cha kanuni, akaandika: Kitoto hiki kimezaliwa. Sheria ilisema yeyote aliyepungukiwa na jambo aandikwe kwa ki, akae pamoja na kipofu na kiziwi na kiwete. Sisi huku walau tunasema kiziwi amekuja, tunamrudishia utu wake kwenye kitenzi. Wao walikuwa watu wa kunyoosha mambo. Kiziwi kimekuja, basi.

"Ndugu karani, mwanangu amezaliwa," Bi Sikudhani alisema. "Ame. Umeandika kime."

"Ni sarufi tu, mama," karani alijibu kwa upole kabisa. "Sio mimi."

Angeweza kulimeza hilo, kama wengi walivyolimeza. Lakini moyo wa Tunu ulikuwa na tundu. Mwaka Tunu alipotimiza miaka saba, Daktari Kemilembe, mpasuaji wa moyo wa Hospitali Kuu, mama mfupi mwenye mikono mikubwa, aliusikiliza ule moyo muda mrefu. "Linazibika," alisema. "Mpaka mvua za vuli linazibika. Zikishanyesha, mapafu yatakuwa yamechoka, hata nikitaka sitaweza. Niletee fomu yenye neno moja tu, mama Tunu. Niletee 'huyu.'" Chumba cha upasuaji kilikatazwa kupokea "hiki." Daktari Kemilembe alishawahi kupitisha mgonjwa mmoja wa ki kwa mlango wa nyuma, akahamishiwa mwaka mzima kwenye chanjo za kuku.

Basi Tunu akapelekwa Karakana Kuu, kama fomu yake ilivyoelekeza. Fundi mkuu aliweka chini mashine ya kuchomelea, akavua miwani, akamtazama mtoto, akamtazama mama. Tunu akamwamkia.

"Marahaba, mjukuu wangu," fundi alisema, kisha akageuka akijifanya anatafuta spana. "Mama, mimi naziba vikaango. Hili siliwezi. Nisamehe."

Kwenye fomu aliandika: Spea haijapatikana. Ndiyo maneno pekee aliyoruhusiwa kuandika.

*

Mwaka huohuo Mtukufu Mlezi wa Taifa alitimiza miaka thelathini madarakani, akataka zawadi ambayo hajawahi kupewa mtu: sayansi ithibitishe kwamba binadamu ndiye mkubwa wa viumbe wote. Waziri wa Vipimo na Hadhi, Mheshimiwa Bambalawe, alilieleza Bunge kwa saa nne kwamba ndani ya kila chembe ya kila kilicho hai mna maandishi yaitwayo vinasaba, herufi zilizopangwa kwa mstari mrefu, na kwamba hayo ndiyo maagizo ya kumjenga kiumbe mwenyewe.

"Kitabu cha mdudu ni kijitabu," alisema. "Cha binadamu hakina budi kuwa kirefu kupita vyote. Ndiyo maana sisi tunamla kuku na kuku hawezi kutula sisi."

Wabunge wakapiga meza. Siku hiyohiyo Sheria ya Hadhi kwa Urefu ikapitishwa, ikatiwa saini, ikatangazwa kuwa haitabadilishwa milele. Mwenye maandishi marefu zaidi atakuwa juu, mwenye mafupi chini. Kupima kukaachwa kufanyike baadaye, maana jibu lilikuwa linajulikana.

Kazi ya kupima alipewa Daktari Nyangeta, mtaalamu mwembamba mwenye tabia mbaya ya kusema anachokiona. Siku alipoleta matokeo, Bi Sikudhani alikuwa ofisini kwa Waziri na kalamu yake, anasahihisha kitabu cha sherehe ambacho kilishachapwa jalada: Binadamu, Maandishi Marefu Kupita Yote.

"Kuku, herufi bilioni moja na kidogo," Nyangeta alisoma. "Mahindi, bilioni mbili na ushei. Binadamu, bilioni tatu na ushei."

Waziri alitabasamu akajiegemeza.

"Kitunguu, bilioni kumi na sita."

Mgongo wa Waziri ukaachana na kiti.

"Kitunguu gani?" Waziri aliuliza.

"Cha kawaida, Mheshimiwa. Cha kachumbari."

"Kilitoka nje ya nchi?"

"Kilitoka genge la hapo getini."

"Pima tena."

"Nimepima mara sita. Halafu kuna kamongo, yule samaki wa kwenye matope. Yeye ana zaidi ya bilioni mia moja." Nyangeta aliona amtulize mkubwa wake. "Lakini urefu si kitu, Mheshimiwa. Sehemu kubwa ya maandishi hayo ni marudio. Maneno yaleyale yanakwenda na kurudi, hayasemi jipya, kiumbe anayabeba tu."

"Unazungumzia hotuba zangu?"

"Nazungumzia kitunguu."

Mahali pengine wangeifuta sheria. Lakini sheria ilikuwa na saini ya Mtukufu, na Mtukufu hakosei, kwa hiyo kilichobaki ni kumpandisha kitunguu. Kuanzia Jumatatu iliyofuata akawa mtunguu, wingi watunguu. Binadamu aliachiwa ngeli yake ya m-wa kwa huruma, baada ya kikao cha siku mbili, kwa kuwa Mtukufu naye, ilikubaliwa kwa kura, ni binadamu. Walioandikwa kwa ki zamani wakabaki kwenye ki yao. Hakuna aliyewakumbuka.

*

Kalamu nyekundu ilifanya kazi mwezi ule. Kwenye kitabu cha mapishi cha taifa, "Katakata kitunguu kimoja" ikawa "Mwombe radhi mtunguu mmoja, kisha mkatekate." Kwenye ripoti ya soko, "Vitunguu vimeoza" ikawa "Watunguu wameugua." Watoto waliamriwa kuwaamkia watunguu magengeni, na kwa kuwa watunguu hawakuitikia, serikali iliajiri waitikiaji, mmoja kila genge, kazi yake kukaa nyuma ya fungu na kusema marahaba. Akina mama walipokata jikoni walitokwa machozi kama siku zote, na Redio ya Taifa ikasema mnaona, wananchi walikuwa wanaomboleza tangu zamani.

Kamongo alifuatwa bwawani kwa msafara wa magari, akaletwa Bungeni ndani ya beseni la matope, akawekwa kiti cha mbele. Matope yalipoanza kukauka, akajichimbia humo akalala, wiki baada ya wiki, bila kula wala kusema neno. Magazeti yalimsifu kuwa ndiye mbunge mwenye nidhamu kuliko wenzake, na Spika alikataza asiamshwe.

Mzee Mzigila alicheka hadi kikohozi kikamshika. Bi Sikudhani hakucheka. Kila alipoandika "amelazwa" pale palipokuwa na "kimewekwa," mkono ulimwuma. Mtunguu amepata huyu bila kuomba, alijisemea, na mwanangu nimemwombea miaka saba.

Kliniki ya Tunu ilikuwa Alhamisi. Siku hizo alikuwa akipanda ngazi tano anachuchumaa, anavuta pumzi kwa mabega, na kucha zake zilianza kuwa za bluu. Kwenye ukumbi wa hospitali walipita wadi mpya. Kwenye kitanda cha dirishani, juu ya shuka jeupe, alilala mtunguu mmoja aliyekwisha kuchipua, na muuguzi alikuwa anampepea kwa jalada la faili.

Tunu alisimama mlangoni. "Shikamoo," akamwambia mgonjwa.

Mwitikiaji wa wadi alikuwa amekwenda kunywa chai. Muuguzi akaona haya, akaitika mwenyewe. "Marahaba, mwanangu."

"Anaumwa?"

"Anaumwa."

Tunu aliwaza. Aliwaza kwa uso mzima, kama kawaida yake. "Atapona," akasema, akampungia mtunguu mkono, akamshika mama yake vidole viwili, wakaenda kuambiwa kwamba vuli imebakiza wiki tisa.

*

Wiki ile Daktari Nyangeta alikuja mwenyewe chumba cha pembeni ya choo, ameshika kurasa za mwisho za kile kitabu. Bi Sikudhani alizisoma kwa kalamu, koma hapa, nukta pale, mpaka akafika kwenye sentensi hii: Maandishi ya binadamu yamefungwa katika mafungu arobaini na sita, wachache huzaliwa na mafungu arobaini na saba. Kalamu ikasimama.

"Hawa wachache ni akina nani, Daktari?"

Nyangeta alimjua Tunu. Nani hakumjua Tunu, aliyekuwa akija ofisini kila Ijumaa kupanga vifuniko vya kalamu sakafuni, vyekundu huku, vya bluu kule. Alivuta kiti akakaa.

"Ni watoto kama Tunu, dada yangu. Fungu la ishirini na moja kila mtu ana mawili, moja la mama, moja la baba. Yeye anayo matatu. Ndiyo sababu ya macho yale, na vidole, na mara nyingi tundu la moyo."

"Kwa hiyo ana zaidi."

"Ana zaidi."

"Kiasi gani?"

"Herufi milioni arobaini na kitu." Nyangeta aliinamisha kichwa. "Lakini nisikudanganye. Zaidi si bora, na chache si duni. Urefu haumpimi mtu, wala haumpimi kitunguu. Nimelisema hilo hadi nimechoka."

"Mimi na wewe tunajua," Bi Sikudhani alisema. "Sheria haijui. Miaka saba wameniandikia mwanangu ni pungufu. Niandikie cheti kwamba amezidi."

Nyangeta alitazama mlango, akatazama vifuniko vilivyobaki sakafuni tangu Ijumaa, vimepangwa vizuri. Akaomba karatasi.

*

Kamati ilikuwa ya watu tisa, na Mheshimiwa Bambalawe kwenye kiti kikubwa. Tunu alikaa karibu na mama yake na vifuniko vyake mapajani. Alikuwa ameshawaamkia wajumbe wote, mmojammoja, na watatu waliitika kabla hawajakumbuka kanuni.

"Mwombaji anataka nini?"

"Namwombea mwanangu neno moja, Mheshimiwa. Huyu aandikwe huyu."

"Hiki," Waziri alimsahihisha.

"Sheria yenu inasema hadhi ifuate urefu. Cheti cha Daktari hicho hapo. Binadamu ana mafungu arobaini na sita. Mwanangu ana arobaini na saba. Mlimwandika kapungukiwa, kumbe kazidi. Sitaki kiti Bungeni, sitaki mwitikiaji. Nataka aingie chumba cha upasuaji kabla ya vuli."

Cheti kikapita mkono hadi mkono. Mjumbe mmoja mzee alihesabu kwa vidole, akahesabu tena, kisha akauliza kwa sauti ndogo swali ambalo wenzake walikuwa wanalikimbia.

"Mtukufu ana mangapi?"

Kila mmoja alimwona akilini mwake Mtukufu akishuka garini, akisimama kando ya barabara, akimpisha mtoto wa miaka saba mwenye vifuniko vya kalamu.

Waziri alijikaza. "Bi Sikudhani, wewe ni msahihishaji. Ukikuta kitabu kimechapwa ukurasa mmoja mara mbili, utasema ni kitabu kikubwa, au utasema ni kitabu chenye kosa?"

Hapo walimpata. Walimpiga kwa kazi yake mwenyewe, akainama. Tunu akadhani mama amechoka, akampa kifuniko kimoja chekundu.

"Nitasema ni kitabu, Mheshimiwa," alijibu hatimaye. "Nitakisoma. Na kikiwa na tundu nitakipeleka likazibwe, sitakitupa. Mtunguu amechapwa kurasa zilezile mara elfu, na nimemwacha hospitali kwenye kitanda cha dirishani, anapepewa."

Waziri alipanga karatasi zilizokuwa zimeshapangwa.

"Hoja ni nzito," alisema. "Hoja nzito inahitaji muda."

"Muda ndio sina. Daktari amesema mpaka vuli."

"Vuli," Waziri alimwambia katibu, "iandikwe kwa herufi kubwa."

Ikaandikwa. Faili likatoka Wizarani likaenda Ikulu, likatoka Ikulu likaenda Bodi ya Heshima, likarudi kuongezewa kiambatisho. Tunu hakuwa tatizo tena, maana walishakubaliana, midomo ikiwa imefumbwa, kwamba hoja ya mama ni ya kweli. Tatizo lilikuwa Mtukufu, kwamba itakuwaje awe chini ya mtoto. Wataalamu watano walifungiwa chumbani kulitafutia jibu, na kila Ijumaa Bi Sikudhani alipouliza, aliambiwa faili linatembea. Nami naamini lilikuwa linatembea. Tunu ndiye aliyekuwa hawezi tena kutembea.

*

Mvua ya kwanza ilinyesha Jumamosi. Daktari Kemilembe alikuja nyumbani kwa miguu, viatu mkononi, akausikiliza moyo, akakunja mipira yake ya kusikilizia polepole sana.

Tunu aliomba akalishwe mlangoni awaone wapita njia. Jumapili aliwaamkia kwa maneno. Jumatatu aliwaamkia kwa mkono. Jumanne asubuhi, chai ikiwa bado ya moto, alimwegemea mama yake.

"Mama, nimechoka."

"Pumzika, mwanangu."

Akapumzika. Kifuniko kimoja cha bluu kilikuwa kwenye kiganja chake, na hakikudondoka.

Amekufa, ndivyo ninavyoandika mimi. A, halafu me. Karani wa nchi ile akitaka kunisahihisha aje, ananijua ninapokaa.

Majirani walikuja. Fundi mkuu wa Karakana alikuja na nguo zake za kazi zenye matundu ya cheche, akashika jeneza upande wa mbele na hakukubali kupokewa hadi makaburini. Lilikuwa jepesi. Bi Sikudhani alitembea nyuma yake akitazama matundu yale mgongoni mwa fundi, akayahesabu, maana kama si kuhesabu kitu angekaa chini barabarani na asingeinuka.

Kazini kulikuwa na shida ya ruhusa. Fomu ilisema wazi: kwa "hiki" kilichoharibika hakuna siku za msiba. Mzee Mzigila alikaa na fomu hiyo mbele yake, hana utani hata mmoja, kisha akaandika: Bi Sikudhani amefiwa na mtunguu wa karibu. Akapiga muhuri. Siku tatu zikatolewa saa hiyohiyo, na Wizara ikatuma salamu za pole na shada la maua. Utepe wa shada ulisema: Kwa Mtunguu Wetu Mpendwa. Bi Sikudhani aliutazama sana, akaukunja kwa ndani maneno yasionekane, akaliweka shada juu ya udongo uliolowa. Maua yalikuwa mazuri, na Tunu alipenda maua.

*

Siku ya nne alirudi mezani. Kulikuwa na karatasi nyingi zilizomsubiri, akaanza na ya juu kama ilivyo kawaida. Tangazo la waitikiaji. Hotuba ya Waziri, yenye aya moja iliyorudiwa mara tatu, akaiacha irudiwe. Ya tatu ilikuwa barua yenye nembo ya Ikulu, bado haijapelekwa kwa mwenyewe, kwa kuwa hakuna barua iliyopelekwa kwa mwenyewe kabla msahihishaji hajaiona. Mwenyewe alikuwa yeye.

Aliisoma.

"Baada ya kuthibitika kisayansi kwamba Mtukufu Mlezi wa Taifa ana mafungu arobaini na nane, Serikali haina tena pingamizi. Mtoto huyu, Tundu binti Sikudhani, atapokelewa Hospitali Kuu siku ya Jumatano saa mbili asubuhi, atafanyiwa upasuaji wa moyo, na kwa uangalizi wa Mtukufu atapona."

Alirudi nyuma hadi kwenye lile neno, akaliwekea kidole. Huyu. Herufi nne, zimechapwa vizuri, wino haukuvuja. Miaka saba alizitafuta herufi hizo nne, na sasa alizipapasa kwa ncha ya kidole mpaka karatasi ikaanza kulowa, akaisogeza mbali kidogo na uso wake. Mzee Mzigila aliinuka kwenye meza yake, akakaa tena.

Kisha alitoa kalamu nyekundu, maana kazi ni kazi, na barua ya serikali haiwezi kutoka na makosa.

Kwanza alifuta d kwenye jina la mwanawe. Halafu akaenda kwenye "atapokelewa," akafuta ta, na juu yake akaandika ngeli. Akaenda kwenye "atafanyiwa," akafuta, akaandika. Neno la mwisho lilimchukua muda mrefu. Alilifuta ta yake kwa mstari mmoja, akaandika zile herufi tano kwa mwandiko wake mzuri wa ofisini, likasomeka: angelipona. Sentensi ikawa ndefu kuliko ilivyokuwa.

"Huyu" hakuigusa.

Akaipeleka barua meza ya pili. Mzee Mzigila alikuwa ameshika muhuri juu, anasubiri, wala hakuthubutu kuangalia karatasi.

"Makosa mengi, mama Tunu?"

"Hapana," Bi Sikudhani alisema. "Ni wakati tu."